Picha nzuri inayochelewa: televisheni na michezo ya video mjini Brussels

Televisheni za kisasa husifiwa kwa picha ing'aayo na rangi zilizokolea. Kwa mchezaji wa michezo ya video, hata hivyo, uzuri huo una gharama yake: picha humfikia ikiwa imekwisha chelewa. Makala haya ya sayansi na teknolojia yanaeleza kuchelewa huko kunatoka wapi, na jinsi kunavyoweza kupunguzwa kwa rimoti tu, bila ya kununua kitu chochote.



Ukishuka katika kituo cha treni za chini ya ardhi cha Porte de Namur mjini Brussels na kuifuata barabara ya Chaussée de Wavre, hatua chache tu zitakufikisha Matonge, mtaa wa manispaa ya Ixelles uliopewa jina la Matonge ya Kinshasa. Hapa pana saluni za kusuka nywele, maduka ya vitenge, mihogo na samaki wakavu. Kilingala na Kifaransa ndizo lugha zinazosikika zaidi, lakini mtu aliyetoka Bukavu, Goma, Lubumbashi au Bujumbura hakosi wa kuzungumza naye Kiswahili. Na kama ilivyo Nairobi au Dar es Salaam, jioni za Jumamosi vijana hukutana sebuleni kwa mwenzao, wakashika pedi, wakachezeana kandanda ya kwenye televisheni.

Chukulia mfano wa kijana mmoja katika mtaa kama huo. Kwa miaka kadhaa amekuwa akicheza chumbani kwake mbele ya kioo kidogo cha kompyuta, na hakuna binamu wala rafiki aliyemshinda kwa urahisi. Siku moja familia inanunua televisheni mpya, kubwa, ya inchi 55, nayo inawekwa sebuleni. Kijana anahamisha mashine yake ya mchezo. Picha ni ya kupendeza, nyasi za uwanjani zinaonekana jani moja moja. Lakini kuanzia jioni ile anafungwa. Pasi zake zinakwenda nusu hatua nyuma ya mshambuliaji, beki wake anageuka wakati mpira umekwisha pita, na mkwaju wa penalti aliokuwa akiupiga akiwa amefumba macho unapaa juu ya lango. Wenzake wanamwambia vidole vimezeeka. Yeye analaumu intaneti, kisha analaumu pedi. Anaanza kuweka akiba ya pedi mpya na kumshawishi baba yake ahamie mkataba wa intaneti wa bei ya juu zaidi.

Fedha hizo zote zingepotea bure, kwa kuwa kasoro haiko kwenye intaneti wala kwenye pedi. Iko ndani ya televisheni yenyewe, na mwenye duka hakumdanganya mtu: televisheni inafanya hasa kile ilichoundwa kufanya.

Kwa kijana wa Ubelgiji jambo hili lina uzito wa pekee. Mwezi Aprili mwaka 2018 Tume ya Kamari ya nchi hiyo iliamua kwamba masanduku ya bahati nasibu yaliyomo katika michezo kadhaa ya video, ukiwamo mchezo wa kandanda wa FIFA 18, yanakwenda kinyume na sheria ya kamari. Mwishoni mwa Januari 2019 kampuni ya EA, mtengenezaji wa mchezo huo, iliacha kuwauzia wachezaji wa Ubelgiji pointi ambazo kwingineko hununuliwa kwa fedha halisi ili kufungulia vifurushi vya wachezaji nyota. Tangu hapo, anayetaka kuimarisha kikosi chake akiwa Brussels hawezi kuchomoa kadi ya benki. Sharti acheze, ashinde, na azawadiwe kwa ushindi wake. Katika mazingira hayo, televisheni inayomchelewesha mtu kila mguso ni hasara anayoilipa kwa mechi.

Kabla ya kuendelea, inafaa kutenganisha aina tatu za kuchelewa ambazo watu wengi huzichanganya. Ya kwanza ni ile ya matangazo. Kila anayetazama kandanda kupitia intaneti ameipata adha ya kusikia jirani akishangilia bao ambalo kwake bado halijafungwa. Hapo ni matangazo yenyewe yaliyochelewa njiani, kwa sekunde nyingi. Ya pili ni ile ya mtandao, pale wachezaji wawili walio mbali wanapochezeana na habari zikachukua muda kusafiri kati yao. Ya tatu, ambayo ndiyo kiini cha makala haya, hutokea ndani ya chumba kimoja: muda unaopita tangu picha inapotoka kwenye mashine ya mchezo na kuingia katika televisheni, hadi inapoonekana kwenye kioo. Njia ya kuitambua ni nyepesi. Mchezaji akate intaneti kabisa, acheze dhidi ya mashine yenyewe, au apitepite tu kwenye menyu ya mchezo. Ikiwa uzito wa vidole bado upo, intaneti haina hatia.

Katika televisheni za zamani, zile zenye kioo kinene na mgongo mrefu, kuchelewa kwa namna hii kulikuwa karibu sawa na hakuna. Mawimbi ya picha yalipoingia, mshale wa elektroni uliyachora papo hapo, mstari baada ya mstari, bila ya kuyahifadhi popote. Ndiyo maana bunduki ya kuchezea ya Nintendo ya miaka ya 1980, iliyotumika kulenga bata kwenye televisheni, ilifanya kazi: ilitegemea kwamba kinachotumwa na mashine kinaonekana kwenye kioo wakati ule ule. Bunduki hiyo ikielekezwa kwenye televisheni bapa ya leo, haimpati bata hata mmoja.

Mambo yalianza kubadilika hata kabla ya televisheni bapa kuenea. Katika miaka ya 1990 watafiti wa Philips mjini Eindhoven nchini Uholanzi, si mbali na mpaka wa Ubelgiji, walibuni njia ya kukokotoa mwendo wa vitu kwenye picha ili filamu ionekane laini zaidi. Televisheni za Ulaya za wakati huo zilizojisifu kwa hezi 100 zilikuwa tayari zinahifadhi picha katika kumbukumbu kabla ya kuionyesha. Na picha iliyohifadhiwa, hata kwa kitambo kidogo, ni picha iliyochelewa.

Televisheni bapa ya leo imeipeleka kazi hiyo mbali zaidi. Picha inapoingia kupitia waya wa HDMI haiendi moja kwa moja kwenye kioo. Kwanza hupanuliwa ili ilingane na idadi ya nukta za kioo. Kisha husafishwa chenga. Kingo za vitu hunolewa, rangi hukolezwa, sehemu zenye giza hutiwa giza zaidi na zenye mwanga huongezwa mwanga. Kila hatua ina muda wake. Lakini hatua ile iliyo ghali kuliko zote ni ya kulainisha mwendo, ambayo Samsung huiita Auto Motion Plus au, katika matoleo ya karibuni, Picture Clarity. LG huiita TruMotion, na Sony huiita Motionflow.

Sababu ya ughali huo inafaa kuelezwa kwa makini, maana ndiyo ufunguo wa jambo zima. Ili kulainisha mwendo, televisheni hubuni picha ambayo haikutumwa na yeyote na kuiweka katikati ya picha mbili zilizotumwa. Ikiwa mpira uko upande wa kushoto katika picha ya kwanza na upande wa kulia katika picha ya pili, televisheni huchora picha ya katikati yenye mpira katikati. Sasa, televisheni itajuaje mpira unaelekea kulia kabla ya kuiona picha ya pili? Haiwezi. Sharti iishike picha ya kwanza, ingoje ya pili ifike, izilinganishe, ibuni ya katikati, ndipo ianze kuonyesha. Hakuna kompyuta yenye nguvu kiasi cha kuufuta ungojaji huo. Televisheni inayolainisha mwendo ni lazima iwe nyuma ya wakati.

Kwa mtazamaji wa filamu hilo halina madhara yoyote. Sauti nayo hucheleweshwa kwa kipimo kile kile, midomo na maneno vinalingana, na hakuna anayejua kwamba kila kitu kimesogea nyuma kwa sehemu ya kumi ya sekunde. (Ingawa hata watengenezaji wa filamu hawaupendi ulaini huo: Desemba 2018 mwigizaji Tom Cruise alijitokeza katika video fupi kuwasihi watazamaji wauzime, akisema unaifanya filamu ionekane kana kwamba imepigwa kwa video ya kasi ya juu badala ya filamu.) Mchezaji hali yake ni nyingine. Yeye hatazami tu; anajibu. Anakiona kitu, anabonyeza, anangoja aone matokeo ya alichobonyeza, kisha anabonyeza tena. Mzunguko huo ukivutwa nyuma, mkono na jicho hupotezana.

Hesabu zake ni hizi. Michezo mingi ya video hutoa fremu 60 kwa sekunde, yaani kila fremu hudumu milisekunde zipatazo 17. Televisheni ikiwa katika mipangilio yake ya kawaida ya kutazamia vipindi, mara nyingi huchelewesha picha kwa milisekunde 50 hadi 100, na ziko zinazopita hapo. Ikiwekwa katika mipangilio ya michezo, televisheni hiyo hiyo hushuka chini ya 20, na nyingi zilizotengenezwa miaka ya karibuni hufika karibu na 10. Tofauti ya milisekunde 80 inaweza kuonekana ndogo kama punje ya ulezi. Lakini binadamu mwenyewe, akionyeshwa kitu cha ghafla, huchukua takriban milisekunde 200 hadi 250 kukijibu kwa kidole. Na mchezo nao hutumia fremu kadhaa kusoma pedi na kuchora tokeo. Televisheni inaongeza mzigo juu ya mizigo iliyopo, na tofauti na mingine, mzigo huu unaweza kutuliwa.

Wanaocheza michezo ya mapigano wanaufahamu uzito wake kuliko wote. Katika Tekken, mchezo uliompatia jina Mkenya Sylvia Gathoni, ajulikanaye kama QueenArrow, aliyesajiliwa mwaka 2018 na timu ya XiT Gaming, ngumi ya haraka ya wapiganaji walio wengi hufika kwenye fremu ya 10. Televisheni inayochelewa milisekunde 100 inamnyang'anya mchezaji fremu 6. Teke la chini ambalo angeliona na kulizuia, sasa analiona likiwa limekwisha mfikia. Ndiyo sababu katika mashindano makubwa ya michezo hiyo hutumika vioo vya kompyuta vyenye kasi, wala si televisheni za sebuleni, na ndiyo sababu wachezaji wa Super Smash Bros. Melee, mchezo wa mwaka 2001, bado hubeba migongoni televisheni za kioo kinene hadi ukumbini.

Si kila mchezo unaodai hivyo. Ubelgiji ni nyumbani kwa kampuni ya Larian ya mjini Ghent, ambayo mchezo wake Baldur's Gate 3 ulitunukiwa tuzo ya mchezo bora wa mwaka 2023. Katika mchezo huo mapigano huenda kwa zamu, kama bao au karata. Mtu aweza kwenda jikoni kumimina chai na akarudi adui bado anamngoja. Anayecheza michezo ya namna hiyo peke yake anaweza kuiacha televisheni yake jinsi ilivyo na kuufurahia uzuri wa picha.

Mnunuzi mjini Brussels hana budi kujua pia kwamba habari hii haimo kwenye kijikaratasi anachokiona dukani. Tangu tarehe 1 Machi 2021, televisheni zinazouzwa katika nchi za Umoja wa Ulaya hubandikwa lebo mpya ya nishati yenye daraja za A hadi G. Lebo hiyo, iliyotokana na kanuni zilizopitishwa katika mji huu huu, inataja matumizi ya umeme kwa saa 1,000, ukubwa wa kioo na idadi ya nukta zake. Kuhusu muda wa kuchelewa kwa picha haisemi neno. Wauzaji wengi nao hutaja milisekunde moja au mbili, lakini hiyo mara nyingi ni kasi ya nukta ya kioo kubadilika rangi, ambayo ni habari tofauti kabisa. Televisheni yenye nukta za kasi sana inaweza bado kuwa inaishikilia picha kwa muda mrefu kabla ya kuipeleka kwenye nukta hizo.

Sasa msikilizaji, rimoti ishikwe mkononi.

Jambo la kwanza, ambalo kwa watu wengi ndilo litakalomaliza kazi, ni kuingia kwenye menyu ya picha na kuchagua hali ya mchezo. Menyu ikiwa kwa Kiingereza huandikwa Game. Ikiwa kwa Kifaransa, kama zilivyo nyingi mjini Brussels, itaandikwa Jeu. Katika televisheni za Sony na nyingine nyingi, neno hilo liko pamoja na majina ya hali nyingine za picha, kama vile ya sinema na ya kawaida. Katika Samsung mara nyingi halipo hapo: limefichwa kwenye mipangilio ya jumla au ya vifaa vilivyounganishwa, na wengi hulikosa kwa sababu wanalitafuta chini ya picha. LG za kuanzia mwaka 2021 huliita Game Optimizer. Likichaguliwa, televisheni huacha kazi zake nyingi za urembo kwa mkupuo mmoja.

Hapa pana mitego miwili. Mtego wa kwanza ni kwamba mipangilio hii mara nyingi hushikamana na tundu moja tu la HDMI. Aliyeiweka kwenye tundu la kwanza, kisha akahamishia waya kwenye tundu la pili ili kupisha king'amuzi, amerudi alikotoka bila kujua. Mtego wa pili ni wa macho. Hali ya mchezo ikiwashwa, picha huonekana imepauka au imekuwa ya samawati, na baada ya wiki ya uzuri dukani na sebuleni, mtu hudhani ameiharibu televisheni. Si hivyo. Mwanga, rangi na joto la rangi vinaweza kurekebishwa ndani ya hali hiyo hiyo bila ya kuongeza kuchelewa, kwa kuwa marekebisho hayo hayadai televisheni ingoje picha inayofuata. Huu ndio mpaka wa kukumbuka wakati wa kupekua menyu: kinachobadilisha sura ya picha moja ni chepesi, ila kinacholinganisha picha na picha ni kizito. Kwa hiyo kulainisha mwendo kuzimwe. Kupunguza chenga nako kuzimwe. Mashine ya mchezo haitoi chenga hata kidogo, kazi hiyo iliwekwa kwa ajili ya matangazo na kanda za zamani. Baadhi ya televisheni huonyesha onyo kwamba kubadili hali ya picha kutaongeza matumizi ya umeme. Onyo hilo linahusu mwanga wa kioo, na halina hatari kwa chombo.

Televisheni isiyo na hali ya mchezo, au ambayo hali yake ya mchezo haifanyi lolote la maana, bado ina mlango mwingine. Katika televisheni nyingi za Samsung na LG, mtu anaweza kulipa tundu la HDMI jina au alama ya kompyuta, kwa herufi PC. Televisheni ikiamini imeunganishwa na kompyuta, huiacha picha ipite bila ya kuichezea sana, kwa sababu mtu anayesogeza kishale cha kompyuta haivumilii picha inayoburura miguu. Ni hila ndogo, ya zamani, na imewaokoa wengi.

Kwa wenye vifaa vipya, kazi imekuwa rahisi. Toleo la 2.1 la HDMI, lililotolewa Novemba 2017, lina utaratibu uitwao ALLM, ambao huiwezesha mashine ya mchezo kuiambia televisheni yenyewe ihamie kwenye hali ya kasi. Xbox One ilianza kuutumia mwaka 2018, na mashine za kizazi kilichofuata zinaufahamu. Unahitaji kuruhusiwa pande zote mbili, kwenye mashine na kwenye televisheni, na mara nyingi mmoja kati ya hao wawili ameachwa umezimwa tangu kiwandani. Pamoja na huo upo uwezo wa fremu 120 kwa sekunde, ambao huufupisha muda wa kila fremu hadi milisekunde zipatazo 8. Katika televisheni nyingi ni matundu mawili tu kati ya manne yanayouweza, na yameandikwa pembeni kwa herufi ndogo ambazo mtu hulazimika kuinama na tochi ili kuzisoma.

Sauti isisahauliwe. Spika zisizo na waya zinazopokea sauti kwa Bluetooth huichelewesha kwa kiasi kinachosikika wazi: mguu unaupiga mpira, mshindo unafuata baadaye. Spika ndefu zinazowekwa chini ya televisheni nazo huweza kuchelewa zinapofasiri sauti iliyobanwa. Kubadili mpangilio wa sauti kuwa PCM mara nyingi hupunguza kazi hiyo. Watengenezaji wa michezo ya muziki waliligundua tatizo hili mapema. Mchezo wa Rock Band 2 wa mwaka 2008 uliuzwa na gitaa lenye vihisio vya mwanga na sauti, lililoweza kupima lenyewe televisheni imechelewa kiasi gani na kurekebisha nyimbo zilingane.

Asiye na gitaa la namna hiyo anaweza kupima kwa simu yake. Simu nyingi za leo zina kamera ya mwendo wa polepole inayonasa picha 240 kwa sekunde, yaani picha moja kila milisekunde 4 na kidogo. Mchezaji aishike pedi mbele ya televisheni, mwenzake apige video inayoonyesha kidole na kioo kwa pamoja, kisha abonyeze kitufe cha kuruka au cha kupiga mara kumi. Video ikichezwa picha moja moja, zihesabiwe picha tangu kitufe kinapozama hadi mchezaji wa kwenye kioo anapoanza kujongea. Hesabu hiyo inajumlisha muda wa pedi na wa mchezo wenyewe, kwa hiyo namba moja peke yake haisemi mengi. Kinachosema ni kupima mara mbili, hali ya mchezo ikiwa imezimwa na ikiwa imewashwa. Tofauti baina ya hesabu hizo mbili ni ya televisheni peke yake, nayo ndiyo ushahidi wa kumwekea mbele mzee wa nyumba kabla hajalipia mkataba mpya wa intaneti.

Katika Afrika Mashariki tatizo hili lina sura nyingine. Katika vibanda vya kuchezea gemu, kuanzia Kariakoo hadi Eastleigh na Goma, PlayStation 2 iliyozinduliwa mwaka 2000 imeendelea kuwaingizia watu riziki muda mrefu baada ya kusahauliwa Ulaya. Mashine hiyo hutoa picha kwa waya wenye vichwa vya njano, vyekundu na vyeupe. Mwenye kibanda anapoiondoa televisheni ya kioo kinene na kununua bapa ili kuvutia wateja, televisheni mpya hulazimika kuipokea picha ya zamani, kuunganisha mistari yake iliyogawanyika na kuipanua mara kadhaa, na kazi hiyo hufanyika hata hali ya mchezo ikiwashwa. Wateja wanasema mashine imekuwa nzito. Kwa kibanda kinachotoza kwa kila mechi, na ambako wachezaji huwekeana dau la soda, uzito huo ni ugomvi wa kila jioni. Mwenye kibanda cha namna hiyo hafai kuiuza televisheni yake ya zamani kwa fundi wa vyuma chakavu. Kwa mashine ile, ndiyo bora zaidi. Hata Brussels, katika soko la mitumba la Place du Jeu de Balle linalofanyika kila siku, wako wanaozitafuta kwa sababu hiyo hiyo.

Wala si michezo peke yake inayoihofia picha inayochelewa. Barco, kampuni ya Kibelgiji iliyoanzishwa mwaka 1934 mjini Poperinge kwa kutengeneza redio, na ambayo leo makao yake yako Kortrijk, hutengeneza vioo vya vyumba vya upasuaji. Daktari anayepasua kwa kamera iliyoingizwa mwilini haioni moja kwa moja kazi ya mikono yake; anaiona kupitia kioo. Wahandisi wa vioo hivyo hupigana na milisekunde zile zile anazozilalamikia kijana wa Matonge, na dawa yao inafanana na yake: picha ipite njia fupi, ipambwe kidogo iwezekanavyo.

Linabaki suala la sebule inayotumiwa na watu wengi. Baba anataka taarifa ya habari na mechi ya Jumapili kwa picha laini, mama ana tamthilia yake, na kijana anataka kasi. Kwa kuwa mipangilio hushikamana na tundu, hakuna haja ya kugombea rimoti: king'amuzi kiachiwe tundu la kwanza pamoja na urembo wake wote, mashine ya mchezo ipewe tundu la pili katika hali ya mchezo, na waya zisihamishwe. Televisheni yenye ALLM itafanya mabadiliko hayo yenyewe, na kurudi ilipokuwa kijana anapozima mashine na kwenda kulala.